Sony FX30 kwa mpigapicha wa kila kazi: inazimudu Unguja na Pemba?

Anayekula kwa kamera Zanzibar hachagui kazi. Ijumaa yuko ukumbini kwenye harusi, Jumatatu hoteli ya Nungwi inataka tangazo la dakika moja, katikati ya wiki kuna makala ya wakulima wa mwani Jambiani, na usiku anahariri filamu yake fupi akiomba ipate nafasi kwenye tamasha la ZIFF pale Ngome Kongwe. Yeye ndiye muongozaji, mpigapicha, fundi sauti, dereva na mhasibu. FX30 ya Sony, kamera ya video iliyotoka Septemba 2022, inamlenga mtu wa aina hiyo, na kwa sehemu kubwa imempata. Lakini bei yake inadanganya. Kamera yenyewe ni nusu tu ya gharama, na nusu ya pili ndiyo inayoamua kama picha zitauzika.

Ilizinduliwa kwa dola 1,799 ikiwa bodi tupu, na dola 2,199 ikiwa na mpini wa juu wenye matundu mawili ya XLR, yale ya maiki za kitaalamu. Chukua yenye mpini. Kuutafuta peke yake baadaye ni ghali zaidi, na bila mpini unabaki na tundu dogo la milimita 3.5 kwa sauti zote. Bodi ina uzito wa gramu 562, na ukitia betri na kadi inafika gramu 646. Unaweza kuishika mkono mmoja kutoka Darajani hadi Forodhani bila bega kulalamika. Ukinunua Dubai au kwa mtu anayeagiza, uliza kwanza kama dhamana inatambulika Tanzania. Punguzo la dola 100 halina maana ikiwa matengenezo ya kwanza yatakulazimu kuipandisha ndege.

Jambo la kwanza linalomshinda mgeni wa kamera hii ni jua. Haina filta ya ND (kioo cheusi cha kupunguza mwanga) ndani, na ukirekodi S-Log3 (picha iliyopauka ya kurekebishwa rangi baadaye) ISO yake ya msingi, yaani wepesi wake wa kuhisi mwanga, ni 800. Piga hesabu. Saa sita mchana kwenye mwanga wa wazi, kwa ISO 800 na shata 1/50 (kila fremu inapokea mwanga kwa sehemu ya hamsini ya sekunde), hata ukifunga tundu la lenzi hadi f/16 bado umezidisha mwanga kwa stopu 4, na kila stopu ni mwanga mara mbili. Ukitaka f/4 ili mandhari ya nyuma yalainike kidogo, unahitaji kukata stopu 8. Mchanga mweupe wa Paje unaongeza kama stopu moja nyingine. Kwa hiyo ile filta maarufu ya kuzungusha yenye stopu 2 hadi 5 haitoshi pwani. Ni ya vichochoro vya Mji Mkongwe, ambako ukuta mmoja uko juani na wa pili kivulini. Kwa pwani tafuta ya stopu 6 hadi 9. Wanaokwepa gharama hii hupandisha shata hadi 1/1000, kisha wanashangaa kwa nini minazi inatetemeka kama ina homa na mawimbi yanakatikakatika.

Usinunue filta ya bei ya chini kabisa. ND nzito isiyozuia mwanga wa infraredi hugeuza buibui jeusi likawa la kahawia yenye wekundu, hasa vitambaa vya nailoni na poliesta. Bibi harusi ana dada na mashangazi ishirini waliovaa nyeusi, na kila mmoja anatoka na weusi wake. Kurekebisha rangi hiyo kitambaa kimoja kimoja ni kazi ya usiku mzima. Kasoro ya pili ya filta za kuzungusha ni msalaba mweusi unaojitokeza katikati ya picha ukiifikisha mwisho kwenye lenzi pana. Acha kabla ya alama ya mwisho. Nunua filta ya kipenyo kikubwa, tuseme milimita 72, halafu tumia ringi za kupandishia kwa lenzi ndogo, ili usiwe na filta moja kwa kila lenzi.

Kuhusu kupima mwanga, S-Log3 ina tabia moja ya kuizoea. Kijivu cha kati hukaa asilimia 41, karatasi nyeupe asilimia 61, na picha huungua kwenye asilimia 94. Weka zebra, ile mistari inayocheza juu ya sehemu zilizoungua, kwenye 94 na kuendelea. Kisha ongeza mwanga stopu moja hadi moja na nusu juu ya kipimo cha kamera. Kwetu hili lina sababu maalumu: bwana harusi mwenye ngozi nyeusi amevaa kanzu nyeupe, amesimama mbele ya ukuta wa chokaa. Ukiifuata kanzu, uso unazama na unapouinua kwenye kuhariri unatoka na chenga. Ukifuata uso huku ukiilinda kanzu isiguse zebra, vyote viwili vinapatikana, kwani FX30 ina nafasi ya kutosha upande wa mwanga mkali. Kwa harusi inayotakiwa kukabidhiwa keshokutwa, achana na S-Log3. Tumia S-Cinetone, mpangilio wa rangi uliokamilika ndani ya kamera; rangi ya ngozi inatoka vizuri bila kazi kubwa.

Usiku ndipo tofauti yake na ndugu yake mkubwa FX3 inapoonekana. FX3 ina ISO ya pili ya msingi, kiwango cha juu ambacho chenga hupungua tena, ya 12,800. FX30 inaishia 2500. Katika S-Log3 kuna mtego hapo katikati: ISO 2000 ina chenga nyingi kuliko 2500, kwa sababu bado unavuta kutoka msingi wa chini. Ukiona 800 haitoshi, ruka moja kwa moja hadi 2500. Kwa lenzi ya f/2.8, ukumbi wenye taa za kawaida unapigika. Kesha la uani lenye balbu mbili halipigiki. Hapo utahitaji lenzi ya f/1.4, au taa ndogo ya LED uielekeze ukutani au darini badala ya kuwamulika watu machoni.

Umeme wa ZECO ni wa hezi 50, yaani taa hupepesa mara 100 kwa sekunde. Weka kamera kwenye mfumo wa PAL, fremu 25 kwa sekunde, shata 1/50. Anayetaka fremu 24 kwa ajili ya sinema anaweza kubaki nazo, ila shata iwe 1/50 ileile na si 1/48, na mistari ya kupepesa kwa taa haitaonekana. Kwa mwendo wa polepole tumia fremu 100 na shata 1/100, usiende 120. Umeme ukikatika na jenereta ikawashwa, hezi zake huyumba, na hapo mistari inaweza kurudi hata ukiwa umeweka kila kitu sawa. Punguza shata kidogo kidogo huku ukitazama kioo. Taa za LED za bei rahisi za mapambo hazina dawa. Ziombe zizimwe au zisiingie kwenye fremu.

Kumbi nyingi sasa zina taa za leza zinazozunguka. Mionzi hiyo ikiingia lenzi moja kwa moja inaweza kuchoma sensa, sehemu ya ndani inayopokea picha, na kuacha mstari au nukta za kudumu. Ongea na mtu wa muziki kabla ya sherehe kuanza, na leza ikiwashwa geuza kamera. Hakuna picha ya bi harusi inayolingana na bei ya sensa.

Harusi za huku zina upande wa pili ambao tathmini za Ulaya haziugusi. Shughuli ya wanawake hupigwa na mwanamke, na picha hazitoki nje ya familia. Sehemu mbili za kadi za FX30 zinasaidia sana hapa. Irekodi kadi zote mbili kwa pamoja, na shughuli ikiisha mpe mama wa bi harusi moja mkononi, nyingine ibaki kwa mhariri mpaka kazi ikabidhiwe. Pia ingia menyu uzime utumaji wa picha kwa simu, kwa sababu kilichoenda kwenye simu hakina mwenyewe tena.

Sehemu zote mbili zinapokea SD ya kawaida au CFexpress Type A. Kwa kazi nyingi hauhitaji hizo ghali. Aina ya faili ya XAVC S 4K kwa fremu 25, biti 10, hutumia megabiti 140 kwa sekunde, sawa na gigabaiti 63 kwa saa, na kadi ya V30 (alama ya kasi ya kadi) inatosha. Ukienda XAVC S-I, megabiti 250 kwa sekunde, saa moja inakula zaidi ya gigabaiti 112 na inafaa uwe na kadi za V90. Mimi ningebaki na 140 kwa harusi na makala, na hiyo S-I niitumie kwa tangazo tu. Harusi yenye saa nne za kurekodi ni gigabaiti 252, na nakala mbili ni zaidi ya nusu terabaiti. Bei ya diski iingie kwenye ankara ya mteja. Faili zenyewe zinatesa kompyuta ya zamani: picha inagandaganda kwenye kuhariri ingawa imerekodiwa salama. Washa kurekodi proksi, yaani nakala nyepesi za kuhariria, ndani ya kamera au zitengeneze kwenye programu ya kuhariri ya DaVinci Resolve usiku ukiwa umelala. Toleo la bure la programu hiyo linatoa hadi 3840 kwa 2160, fremu 60, na hakuna mteja wa hapa atakayedai zaidi.

Hoteli siku hizi zinataka video ya kusimama wima kwa simu pamoja na ile ya kulala. Picha ya 4K ya kamera hii hutokana na sensa ya kiwango cha 6K, hivyo ni kali. Ukikata wima kutoka humo unapata 1215 kwa 2160, juu ya kiwango cha simu. Kumbuka tu kuacha mtu katikati ya fremu wakati wa kupiga.

Kwa mwendo wa polepole, vijana wa makachu wanaojirusha kutoka ukuta wa Forodhani jioni ni kipimo kizuri. Fremu 50 zinatumia upana wote wa sensa. Fremu 100 za 4K zinakatwa karibu mara 1.6, yaani lenzi ya milimita 18 inaona kana kwamba ni ya 29, na ghafla unalazimika kurudi nyuma ambako hakuna nafasi ila meza za Zanzibar piza. Ukipanga fremu 100 kwenye sehemu finyu, beba lenzi ya milimita 10 au 11. Bila hiyo, kubali fremu 50 upunguze mwendo kwa nusu, inatosha kwa mtu aliye hewani.

Lenzi ya kuanzia ni Sigma 18-50mm f/2.8. Ina uzito wa kama gramu 290, filta yake ni milimita 55, na inafanya kazi saba kati ya kumi. Ya pili iwe na f/1.4, kwa mfano Sigma 30mm. Anayenunua lenzi ya tatu kabla ya kuwa na maiki nzuri amekosea mpangilio.

Maana sauti ndiyo inayorudisha kazi. Mpini una swichi za kuchagua laini (sauti yenye nguvu kutoka kwenye mtambo), maiki, au maiki inayolishwa umeme wa volti 48. Kosa la kawaida kwenye taarab ni kuchukua waya kutoka kwenye mikisa na kuacha swichi upande wa maiki: sauti inapasuka tangu kinanda cha kwanza, na hakuna programu itakayoirudisha. Weka laini, vilele viguse desibeli 12 chini ya sifuri, na kama mikisa ina matundu mawili, ya pili irekodi chini zaidi kama akiba. Usitegemee mikisa peke yake, kwani inachukua kile kilichounganishwa nayo tu. Makofi, vigelegele na watu wanaokwenda kutunza havimo. Weka na maiki inayoelekea ukumbini. Kwa maulidi ya homu, dufu zina pigo la ghafla linalopita kipimo kabla jicho halijaona, kwa hiyo shusha zaidi, hadi desibeli 18 chini. Usiwashe volti 48 kwenye risiva ya maiki isiyo na waya. Pini za chuma chini ya mpini zifutwe kwa kitambaa kikavu kila baada ya kazi ya baharini. Chumvi ikikaa hapo sauti inakatika bila onyo.

Fokasi ya otomatiki ni nzuri kiasi cha kumlemaza mtu. Inashika jicho na kulifuata hata mtu akigeuka. Inayumba sehemu mbili. Mbele ya mtu aliyevaa nikabu, kamera ikikosa uso hurukia uso wa mtu wa nyuma, na dawa ni kumgusa kwenye kioo ili ifuatilie umbo lake. Penye moshi na purukushani, kama Mwaka Kogwa Makunduchi watu wanapopigana kwa migomba na kibanda cha makuti kinawaka, inakimbilia kila kinachopita. Punguza kasi ya kubadilisha mlengwa kwenye menyu, au shika fokasi kwa mkono.

Uthabiti wa ndani, yaani kamera kujituliza mtikisiko, unatosha kwa kusimama na kwa hatua chache. Juu ya ngalawa unaleta kero, kwa sababu ukiwa na lenzi pana pembe za picha zinavutika kamera ikipambana na mawimbi. Zima, piga kwa shata ya kasi kama 1/200, kisha tuliza picha kwenye Catalyst Browse, programu ya Sony inayosoma data za mwendo zilizorekodiwa na kamera. Na ujue kwamba kamera haina shata ya kimakanika. Mweko wa mpigapicha mwingine ukipiga, fremu moja inatoka nusu nyeupe nusu giza, na picha za mnato za harusi zitafutiwe kamera nyingine.

Joto halikuwa tatizo kubwa, kwani ndani kuna feni. Sony inaitaja kwa matumizi hadi nyuzi 40. Lakini bodi nyeusi ikiachwa kwenye jua la Februari juu ya stendi inapanda haraka kuliko hewa. Weka kikomo cha kujizima kwa joto kwenye kiwango cha juu na ifunike kwa kanga ikiwa haifanyi kazi. Kioo chake kinafifia juani na hakuna kitundu cha kuchungulia, kwa hiyo kivuli cha kioo ni lazima. Betri ni NP-FZ100. Beba nne kwa harusi, au pawabenki yenye USB PD ambayo inailisha ikiwa inarekodi.

Unyevu ndio adui wa kudumu. Ukitoka chumba chenye kiyoyozi kwenda nje asubuhi, lenzi inaingia ukungu hadi ndani. Iache kwenye begi lililofungwa nusu saa ipate joto la nje ndipo uifungue. Nyumbani ihifadhi kwenye sanduku la plastiki lisilopitisha hewa, na silika jeli pamoja na kipimo cha unyevu kinachosoma kati ya asilimia 40 na 50. Silika ikibadilika rangi, ikaushe kwenye oveni. Lenzi iliyoachwa kwenye begi la kitambaa msimu mzima wa masika huota kuvu, na kuvu likishakula rangi ya kioo haliondoki kwa kufuta. Baada ya mwani au boti ya Misali, futa bodi kwa kitambaa kilicholoweshwa kidogo kwa maji baridi yasiyo na chumvi, kisha kikavu. Kuanza na kikavu ni kusugua chumvi na mchanga kwenye rangi.

Blackmagic Pocket 6K Pro hutajwa kila mara kama mbadala. Ina ND ya ndani ya stopu 2, 4 na 6, kioo kikali cha inchi 5, na inakuja na leseni ya Resolve Studio, toleo la kulipia la programu ile. Kwa filamu yenye taa na msaidizi wa fokasi ningeichukua hiyo. Kwa mtu mmoja kwenye harusi haifai: haina uthabiti wa ndani, fokasi yake ya otomatiki si ya kufuata watu, na betri inakwisha kama ndani ya saa moja. FX3 ilizinduliwa kwa dola 3,899, na anayepiga usiku zaidi ya mchana aisubiri hiyo. Wauzaji hupenda kutaja kwamba filamu ya Gareth Edwards ya 2023, The Creator, ilipigwa kwa FX3. Ni kweli, ila hawataji taa, lenzi na kikosi kilichosimama nyuma ya kamera ile.

Udogo wa FX30 hauondoi kibali. Kazi ya filamu Zanzibar inapitia Baraza la Sanaa, Sensa ya Filamu na Utamaduni, na droni ina taratibu zake za Mamlaka ya Usafiri wa Anga. Pemba zaidi, nenda kwa sheha kabla hujafungua begi.

Ukinunua iliyotumika, ibebe kadi na lenzi yako. Sikiliza feni: isikwaruze. Chomeka waya wa HDMI uutikise kidogo, na fanya hivyo kwa USB-C. Funga mpini urekodi matundu yote mawili. Kisha weka kifuniko cha lenzi, ISO 2500, rekodi dakika tano, na uitazame picha nyeusi kwenye kompyuta badala ya kioo cha kamera. Nukta chache nyeupe zinaweza kufutwa na menyu ya kusawazisha sensa. Halafu toa kifuniko, elekeza ukuta mweupe ulio sawasawa, urekodi tena. Ukiona mstari mwembamba wa rangi unaokaa palepale hata ukisogeza kamera, hiyo imepigwa na leza. Mrudishie mwenyewe.